Mwakilishi na mbunge wa Chwaka: nani aulizwe nini?

Wapiga kura wa Jimbo la Chwaka, Mkoa wa Kusini Unguja, huchagua watu wawili wa kuwasemea: mwakilishi, anayeingia Baraza la Wawakilishi huko Chukwani, na mbunge, anayekwenda Dodoma kwenye Bunge la Muungano.

Tangu Mapinduzi ya 1964, sheria za Zanzibar zilitungwa na Baraza la Mapinduzi, hadi Baraza la Wawakilishi lilipoanza mwaka 1980. Baraza hilo hutunga sheria za mambo yasiyo ya Muungano, yakiwamo ardhi, maji, afya na kilimo. Ulinzi, polisi, uraia na mambo ya nje ni ya Bunge.

Kwa mgawanyo huo, mbunge wa Chwaka hupigia kura sheria za ardhi ya Tanzania Bara, ilhali sheria ya ardhi ya Chwaka haimo mikononi mwake. Mkulima wa mwani au mwenye bomba lisilotoa maji hana budi kumkabili mwakilishi, ambaye ana haki ya kumuuliza waziri maswali barazani na kuwasilisha hoja binafsi.

Wote wawili hupoteza kiti wakihama chama kilichowasimamisha. Hata hivyo, Katiba ya Muungano ya 1977 na ya Zanzibar ya 1984 haziwapi wananchi uwezo wa kumwondoa aliyewasahau. Kenya iliiweka haki hiyo katika Katiba yake ya 2010. Mpiga kura wa Chwaka husubiri uchaguzi, kila miaka mitano.