Nembo

Magazeti yetu yakiandika kuhusu bibi wa Kiamazighi wenye michoro ya buluu kidevuni, huandika "tatuu". Si kosa. Ila wengine huandika "chale", na hapo nagoma: chale huchanjwa kwa wembe, ilhali Waamazighi wa Morocco na Algeria (wengi huwaita Waberber) walidunga ngozi kwa sindano, kisha wakasugua masizi.

Kwangu neno ni nembo. Siku hizi tunalijua kwa mashirika na serikali, lakini zamani lilikuwa alama ya usoni. Wamakonde bado huita zao dinembo. Binti wa Kiamazighi alichorwa akikaribia kuolewa, na wachoraji kwa kawaida walikuwa wanawake. Mstari wa kidevuni, mtende, msalaba mdogo: vilieleza ukoo, vikaomba uzazi, vikazuia kijicho. Msalaba huo, tafadhali, si lazima uwe wa Kikristo.

Katika karne ya 20 desturi ilififia, miji ikivuta watu na mahubiri yakiiita haramu. Baadhi ya bibi walifuta nembo zao. Michoro yenyewe ingali kwenye mazulia na vyungu, ambako hakuna shehe anayeikataza.