Kimya cha Samehe

Mtu wa Mafiga akiinua macho asubuhi huiona milima ya Uluguru imejitanda ukungu. Katika wilaya hiyo ya Morogoro, mwaka 1944, alizaliwa Amandina Lihamba. Wanafunzi wetu wengi humjua kuwa ni profesa wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam na mtunzi wa tamthilia. Ni wachache waliopata kumwona katika filamu.

Sababu si ngumu kuiona. Zanzibar ilipata televisheni mwaka 1973, lakini Bara ilingoja hata 1994. Filamu nazo zilikuwa za kuhesabika. Basi mwigizaji aliyekomaa katika miaka ya 1970 hakuwa na njia ya kuingia kila jioni sebuleni mwa watu, kama walivyoingia baadaye akina mama wa michezo ya ITV. Alionekana na waliokuwamo ukumbini, na pazia likifungwa, kazi yake ilibaki katika kumbukumbu zao tu.

Mwaka 1985 Lihamba alipata udaktari huko Leeds kwa utafiti juu ya siasa na michezo ya kuigiza baada ya Azimio la Arusha. Mwaka huohuo ilitoka Arusi ya Mariamu, filamu fupi ya Nangayoma Ng'oge na Ron Mulvihill, ambayo naye aliigiza ndani yake. Lakini kazi niipendayo zaidi ni Maangamizi, ya Martin Mhando na huyo Mulvihill, ambayo Tanzania iliipeleka mwaka 2001 kushindania tuzo ya Oscar. Kabla ya hapo nchi yetu haikuwa imepeleka filamu yoyote. Humo Lihamba ni Samehe, mgonjwa wa hospitali ya akili aliyenyamaza miaka mingi. Daktari atokaye Marekani anajitahidi kumponya, na kumbe wote wawili wanaandamwa na mzimu wa bibi, Maangamizi, aliyeigizwa na Mwanajuma Ali Hassan. Kwa Mluguru, ambaye ukoo wake huhesabiwa kwa mama, bibi wa namna hiyo si kioja.

Huenda mtu akadhani kwamba sehemu yenye maneno haba ni sehemu nyepesi. Mimi naona kinyume chake. Mwigizaji asiye na maneno hana pa kujificha. Shingo, mabega na macho ndiyo yatakayosema, na kosa dogo huonekana na kila mtu. Na huyu alikuwa mwanamke aliyeishi kwa maneno, kwa kuyaandika na kuyafundisha!

Nayo haikuwa mara ya kwanza kwake kushughulika na kimya. Mwaka 1996 yeye na Penina Mlama walikuwa miongoni mwa walioanzisha TUSEME, mpango ambao wasichana wa sekondari huchunguza wenyewe yanayowakwaza katika masomo, kisha huyaigiza mbele ya walimu na wenzao. Msichana ambaye angeona haya kumshtaki mkubwa wake aliweza kuyatamka hayo hayo kwa kinywa cha mhusika. Mpango huo ulivuka mipaka hata Rwanda na Senegal, kwa watoto ambao yamkini hawajamwona Samehe hata siku moja, nao wakaendelea kuuita kwa jina lake la Kiswahili.