Ramani inaishia Yemen

Najua nimepotea wiki mbili. Sikuwa mgonjwa wala sikuwa nasoma, msinidhanie mema. Nilikuwa vitani. Natawala Sabaa, ule ufalme wa Yemen tunaousikia kwenye kisa cha Bilqis, na jeshi la Waptolemi kutoka Misri limenikalia kooni.

Gemu lenyewe ni Rome: Total War la mwaka 2004, la kizamani kiasi kwamba hata laptop ya mwenzangu wa chumba inalimudu. Ila mimi sichezi lile la dukani. Nacheza Europa Barbarorum, yaani mashabiki walilichukua gemu lilelile wakalijenga upya, wakatoa toleo la kwanza la wazi Desemba 2005. Hawa watu walikuwa na hasira za kihistoria, na mimi nawapenda kwa hilo. Kwenye gemu la dukani, Misri ya karne ya 3 KK inapigana kana kwamba mafarao bado wapo, na magari yao ya farasi. Jamani! Wakati huo Misri ilikuwa chini ya wafalme wenye asili ya Makedonia, na Kigiriki ndiyo lugha ya ofisi. Nao Wagauli na Wajerumani wamefanywa watu wa kupiga kelele tu porini. Mashabiki wakafuta yote hayo. Kila kabila likapewa silaha zake, historia yake, na askari wanaitikia amri kwa lugha za kale. Jina lenyewe la modi maana yake ni Ulaya ya washenzi, na kazi yao yote ni kuonyesha kuwa hao "washenzi" walikuwa watu.

Mchezo unaanza mwaka 272 KK, kila mwaka una zamu nne, kwa hiyo kuzeeka ni kazi. Sabaa ni maskini, watu wake hawana deraya za maana, na jangwa linakula pesa. Usiku mmoja nikachoka kuzingirwa, nikasema ngoja niteremke kusini, nitafute kwetu. Nikasogeza ramani. Yemen hii hapa, ng'ambo ya Bahari ya Shamu kipande cha Afrika, halafu basi. Imeisha. Pwani yetu haimo kabisa.

Hapo ndipo nikamkumbuka mtoto mmoja.

Wakati wa mazoezi ya kufundisha nilipewa Kidato cha Pili. Nikawa nawaeleza Roma na Karthage, nimechora mpaka tembo wa Hannibal ubaoni. Mtoto wa mbele akauliza: "Mwalimu, na sisi wakati huo tulikuwa wapi?" Nikamjibu haraka haraka, bila hata kufikiri: "Huku kulikuwa bado hakuna kitu." Akaandika! Nilimwona anaandika kwenye daftari.

Basi juzi umeme ulipokatika nikatoka na simu kibarazani, nikasoma upya ile Periplus ya Bahari ya Eritrea. Tuliipitia mwaka wa kwanza kwa ajili ya mtihani tu. Aliyeiandika ni mfanyabiashara wa Misri mwenye lugha ya Kigiriki, katikati ya karne ya 1 BK. Anashuka na pwani mpaka soko la mwisho la Azania, Rhapta, jina linalotokana na mashua za kushona. Pembe za ndovu zinatoka kwa wingi, na pembe za kifaru, na magamba ya kasa. Zinaingia mikuki, mashoka, visu na vitu vya kioo. Halafu anasema, na hapa nilisimama wima, kwamba Rhapta iko chini ya mtawala wa Yemen kwa haki ya zamani. Yaani Sabaa yangu na jirani zake!

Nikataka kukasirika. Nikasoma tena. Anasema pia kila mahali pana mkuu wake. Na manahodha Waarabu wanaoletwa kule ni wale waliozoeana na wenyeji, wakaoa kwao, wakajifunza lugha yao. Sasa nani alikuwa anamtawala nani? Mwenye kudai kodi ndiye aliyelazimika kujifunza lugha ya mwenzake. Ukumbuke pia mwandishi huenda alisikia habari hizo za kodi kutoka kwa wafanyabiashara wa Yemen wenyewe, na mdai hasemi deni ni dogo.

Kabla ya Rhapta anataja kisiwa, Menouthias: kiko chini chini, kina miti, ndege na kasa, watu wana mashua za kushona na wanavua kwa vikapu. Ukisoma hapo lazima uwaze madema na mtepe. Mwenzangu wa chumba ni Mpemba, akanyakua simu: umbali uliotajwa ni stadia 300, kama kilomita 55, na Pemba ndiyo iliyo mbali na bara kuliko Unguja. Wengine wanasema Mafia. Sikumpa ushindi, ila hoja anayo.

Kwa Unguja nina pango la Kuumbi, karibu na Jambiani. Watu waliwinda pale miaka kama 20,000 iliyopita, kisiwa kikiwa bado kimeungana na bara, na mifupa ya punda milia imepatikana. Kama watu walikuwapo Unguja mwaka 272 KK penyewe, wataalamu wanabishana: Profesa Felix Chami anasema walikuwapo, wachimbaji waliomfuata wanaona pengo refu hadi karne za katikati za milenia ya 1 BK. Kwa hiyo jibu sahihi kwa yule mtoto ni refu, lina "labda" nyingi. Lakini "hakuna kitu" halimo.

Jumanne nimeomba nipite skuli ile, mwalimu wake wa somo amenipa dakika kumi mwanzo wa kipindi. Nitaanza na daftari lake, tukate ule mstari.

Haya, Mpemba anadai laptop yake. Mji wangu bado umezingirwa, nimesevu.