Swema

Swema (katika maandishi ya Kifaransa: Suéma) alikuwa msichana Myao aliyeuzwa utumwani katika miaka ya 1860 na kufikishwa Unguja, alikozikwa akiwa hai. Anajulikana kupitia kitabu kilichotolewa Paris mwaka 1870 na padre Jean-Joseph Gaume, si kwa maandishi ya mkono wake.

Maisha

Kadiri ya simulizi hilo, baada ya kifo cha baba yake, mama alibaki mjane na kuingia katika deni. Mdai alipokosa kulipwa alimchukua mtoto na kumuuza kwa msafara uliokuwa ukielekea pwani. Mama aliomba kufuatana nao akibeba pembe za ndovu, asitengane na mwanawe. Alipoishiwa nguvu aliachwa njiani. Swema alipitishwa Kilwa, akavushwa kwa jahazi hadi Unguja. Kwa kuwa alionekana hatapona, alifungwa katika mkeka na kufukiwa kaburini. Kijana kutoka Réunion alisikia sauti, akamfukua na kumpeleka kwa masista Mabinti wa Maria, waliokuwa wamefika Unguja mwaka 1860 pamoja na padre Fava.

Baadaye Mwarabu aliyejeruhiwa aliletwa kutibiwa misheni. Swema alimtambua kuwa mmoja wa waliomtesa, akamsamehe baada ya kushindana na moyo wake. Alibatizwa.

Nani anasimulia

Wamisionari ndio walioandika habari zake, na kitabu kiliwalenga wasichana Wakristo wa Ulaya na Amerika. Ndiyo sababu msamaha na ubatizo vimewekwa mwishoni kama kilele. Wasomaji hao walitarajia hivyo, na misheni ilihitaji wafadhili. Hata sauti ya “mimi” iliyomo humo ni ya Kifaransa.

Mwaka 1983 mwanahistoria Edward Alpers alichapisha simulizi hilo kwa Kiingereza pamoja na maelezo. Yeye alitazama zaidi sehemu ya mwanzo: mjane asiye na ndugu wa kumtetea, na deni linalolipwa kwa mtoto. Mambo hayo hayakuwa na faida kubwa kwa mahubiri, kwa hiyo ni rahisi zaidi kuyaamini.

Simulizi za namna hiyo zilikusanywa pia na Elise Kootz-Kretschmer wa misheni ya Wamoravian kusini-magharibi mwa Tanzania ya leo, zikiwemo za Narwimba na Chisi. Hao walikuwa tayari watu wazima waliposimulia.