Mshindi Aliyejifunga kwa Sheria

Ndugu msikilizaji, leo tutazame Tonga, ufalme wa visiwa katika Bahari ya Pasifiki. Mwaka 1799 mtawala wao Tukuʻaho aliuawa, na vita vya wenyewe kwa wenyewe vikawa vinazuka na kutulia hadi 1852. Mshindi, Taufaʻahau, yaani Mfalme George Tupou wa Kwanza, aliwasamehe wapinzani wake. Mwaka 1862 aliwaachilia raia kutoka kazi za kulazimishwa za machifu. Mwaka 1875 akatoa Katiba: sheria ni moja kwa chifu na kwa raia, na ardhi haiuzwi, hata mfalme mwenyewe haruhusiwi kuiuza.

Je, mambo yaliishia hapo? Hapana. Bungeni raia walibaki na viti vichache. Novemba 2006 ghasia zilizuka, na sehemu ya mji mkuu, Nukuʻalofa, ikachomwa moto. Ni katika uchaguzi wa 2010 raia walipopata kuchagua wabunge 17 kati ya 26.

Basi, ndugu, tujiulize: mwenye nguvu kwetu, je, anakubali sheria imfunge na yeye? Bila hivyo, amani ni mapumziko tu ya vita.