Sombe: Habari ya Jani Moja

Mwulizeni mzee yeyote wa Kivu au wa Maniema sombe ilianza lini kupikwa. Atajibu: Tangu mababu. Nami nilisadiki hivyo. Kumbe mababu wa kale hawakuujua muhogo hata kidogo. Walilima ulezi, mtama, ndizi na viazi vikuu, na mboga yao ilikuwa lengalenga na majani mengine ya shamba na ya porini.

Muhogo ulitoka Brazil. Wenyeji wa nchi ile waliulima tangu zamani sana, kabla Wareno hawajafika kwao mwaka 1500. Kwetu Diogo Cão alikuwa amekwisha kufika penye mlango wa mto Kongo mwaka 1482, na mwaka 1491 mfalme Nzinga a Nkuwu alibatizwa. Basi katika karne ya 16 merikebu za Wareno zikaleta muhogo pwani ya Kongo na Angola. Wala tusifiche neno: merikebu za biashara ile zilichukua watumwa, na unga wa muhogo ulikuwa chakula chao baharini. Toka pwani mmea ukaingia bara, kijiji kwa kijiji. Watu waliupenda kwa sababu mzizi wake hukaa udongoni miezi mingi bila kuoza, na nzige wakipita juu hawaufikii.

Lakini kupanda si kupika. Muhogo una sumu, mizizini na majanini, nayo yaitwa sianidi. Mama zetu walijifunza kuishinda bila kujua jina lake. Huchuma majani machanga, huyatwanga kinuni hata yawe laini kabisa, na hapo sumu hufunguliwa ndani ya jani. Kisha huyachemsha muda mrefu, sufuria ikiwa wazi, sumu ipate kutoka pamoja na mvuke. Ndipo hutia kitunguu, mafuta ya mawese, chumvi na pilipili. (Pilipili hiyo nayo ni ya Amerika, hata nyanya na karanga!) Huko Brazil, katika jimbo la Pará, wana chakula cha majani hayo hayo, maniçoba, nao huyachemsha karibu siku 7. Sisi tunalalamika kwa saa chache.

Tena mzizi hauna huruma kwa mwenye haraka. Mwaka 1938 daktari Trolli aliandika habari za ugonjwa wa Kwango ambao Wayaka waliuita konzo: miguu hukakamaa ghafula, na mtu haponi tena. Miaka 50 hivi baadaye wataalamu walichunguza vijiji vya Bandundu. Barabara ya lami ya kwenda Kinshasa ilikuwa imeleta wanunuzi wengi, na muhogo uliozoea kulowekwa siku 3 ukatolewa majini baada ya siku 1, upate kuuzwa upesi. Walioumia zaidi walikuwa wanawake na watoto, yaani wale wale waliobaki nyumbani kuula.

Parokiani kwetu, siku ya ndoa, sombe huwekwa motoni kabla ya misa ya asubuhi. Vijana huja jikoni mara kwa mara kuuliza kama imeiva. Mama mpishi hawajibu. Huongeza kuni, na kifuniko hukiacha chini.