Miungu Iliyoingia Roma kwa Idhini ya Seneti

Vitabu vingi vya shule hupanga miungu ya Wagiriki na ya Warumi katika jedwali la safu mbili: Zeus huku, Jupiter kule, Ares huku, Mars kule. Msomaji huondoka akiamini kwamba Warumi, mafundi wa vita na barabara, waliazima miungu ya jirani zao wakabadilisha majina tu. Jedwali hilo linamfaa anayejiandaa kwa mtihani, ila ibada zenyewe zinaeleza mengine. Mars anaonyesha hivyo mapema. Katika Iliad, utenzi wa Wagiriki, Zeus anamwambia Ares usoni kwamba hakuna mungu anayemchukia kuliko yeye. Mars wa Roma aliheshimiwa kama baba wa Romulus, mwanzilishi wa mji huo, na kazi yake haikuishia vitani. Katika kitabu cha kilimo cha Cato, cha karne ya 2 KK, mkulima anazungusha nguruwe, kondoo na fahali kwenye mipaka ya shamba, kisha anamwomba Mars azuie magonjwa na hali mbaya ya hewa, astawishe nafaka na mizabibu, na awalinde wachungaji pamoja na mifugo yao. Hakuna Mgiriki ambaye angemkabidhi Ares shamba lake.

Miungu iliyotoka nje kweli ilipita mlango wa serikali. Mwaka 205 KK, adui wa Roma, Hannibal, akiwa bado Italia, vitabu vya unabii vya Sibylla vilishauri mama wa miungu, Cybele, aletwe kutoka Asia Ndogo. Jiwe lake jeusi lilipokelewa kwa heshima zote, na baadaye likajengewa hekalu juu ya kilima cha Palatino. Hata hivyo, raia wa Roma walikatazwa kujiunga na makuhani wake waliojihasi. Mungu alikaribishwa, desturi za watumishi wake zikabaki kwa wageni.

Ushahidi wenye nguvu zaidi ni bamba la shaba lililochimbuliwa Tiriolo, kusini mwa Italia, mwaka 1640. Limechorwa amri ya Seneti ya mwaka 186 KK kuhusu ibada za Bacchus, Dionysus wa Wagiriki. Mtu angedhani Seneti iliipiga marufuku ibada yote, lakini waandishi wa amri hiyo walikuwa wanasheria wa kupima maneno. Mwanamume asiwe kuhani. Waumini wasiwe na hazina ya pamoja wala wasile viapo kati yao. Wasikusanyike zaidi ya watu watano, wanaume wawili na wanawake watatu, isipokuwa kwa ruhusa ya praetor (hakimu mkuu) wa mji na uamuzi wa Seneti wakiwapo maseneta wasiopungua 100. Mvunjaji adhabu yake kifo. Kilichowatisha hapa ni fedha, viapo na watu wanaojipanga pembeni mwa dola. Bacchus mwenyewe hawakumkana.

Kuna pingamizi lisilopaswa kupuuzwa. Huko Lavinium, kusini mwa Roma, limepatikana bamba la karne ya 6 KK linalowataja mapacha wa Kigiriki, Castor na Pollux, kwa maneno yanayokaribia Kigiriki chenyewe. Basi Ugiriki ulikuwa umeshaingia Latium, eneo la Roma na majirani zake, kabla ya sheria hizi zote, na anayetafuta dini ya Kirumi isiyochanganyika hataipata. Nakubali. Lakini kupokea mapema si kunakili, na bamba hilo halituambii Walatini waliwafanyia nini mapacha hao baada ya kuwapokea.

Wengine hutaja washairi. Kweli, Ovid alijaza Metamorphoses visa vya Kigiriki, na kupitia kwake Ulaya ya baadaye iliijua miungu hiyo. Ila ushairi ulikuwa jambo moja na ibada jingine. Vesta, mungu wa kike wa moto wa nyumbani, karibu hana hadithi yoyote, na Ovid mwenyewe anasema hekalu lake halikuwa na sanamu. Lakini moto wake ulilindwa na mabikira sita, kila mmoja kwa miaka 30, na aliyeuacha uzimike alichapwa viboko na kuhani mkuu. Mwaka 382 BK mfalme Gratian, Mkristo, aliwanyima mabikira hao fedha za umma na haki zao za kale. Visa vya washairi viliendelea kusomwa kama kawaida. Ibada ya Vesta, iliyoishi kwa mkono wa dola, haikumaliza karne hiyo.